Safari ya Wimbo Ulionaswa Kijijini



Jioni hii nataka tuzungumze juu ya jambo ambalo kila mtu wa Katindiuka analijua nusu yake. Nusu ya kwanza ni nyimbo. Katika bonde hili la Mto Kilombero, Wambunga, Wandamba na Wapogoro wana nyimbo za kazi na nyimbo za furaha: za kuvuna na kupura mpunga, za kupiga makafi mtumbwini, za unyago, za matanga, na za ngoma kama ile ya sangula. Nusu ya pili ni sauti itokayo katika chombo. Babu zetu waliisikia katika santuri, baba zetu katika redio, na vijana wa leo huisikia katika simu ya mkononi. Lakini ni wachache waliopata kujiuliza jinsi nusu hizi mbili zinavyoungana: yaani, wimbo wa mtu wa kijijini huingiaje katika chombo, huenda wapi ukiisha kuingia, nao ukirudi huwa umegeuka namna gani?

Swali hili si la mchezo. Mzee ajuaye nyimbo akifa, nazo hufa pamoja naye, ikiwa hakuna aliyejifunza kwake. Na mgeni akija na chombo chake akazinasa, zaweza kuishi miaka mia. Lakini huenda zikaishi mahali ambapo mjukuu wake hapajui, bila jina lake, wala senti moja isirudi nyumbani. Basi tufuate safari ya nyimbo chache zilizonaswa vijijini, huko Marekani na huku kwetu Afrika, tuone zilitoka wapi, zilifika wapi, na nani aliyepata faida.

KISA CHA CHEMIROCHA

Mwaka 1950 Mwingereza mmoja, jina lake Hugh Tracey, alizunguka katika nchi za Afrika ya Mashariki akinasa nyimbo za watu. Alipofika Kapkatet, katika nchi ya Wakipsigis huko Kenya, aliimbiwa nyimbo nyingi, na miongoni mwao ulikuwamo mmoja uliomshangaza. Wasichana waliuimba kwa sauti nyororo, wakiongozwa na Chemutoi Ketienya, na nyuma yao kikalia kinanda cha nyuzi kinachofanana na nyatiti ya Wajaluo. Katika wimbo huo walimwita mtu aitwaye Chemirocha, wakamwalika acheze ngoma kwa nguvu hata nguo zimvuke. Tracey alielezwa kwamba Chemirocha ni kiumbe cha ajabu, nusu mtu na nusu swala.

Ajabu ni kwamba Chemirocha alikuwa mtu kweli. Jina lake hasa lilikuwa Jimmie Rodgers, mtu wa Mississippi, huko kusini mwa Marekani. Alikuwa mfanyakazi wa reli, wa kazi ya kufunga breki za mabehewa. Alikufa kwa kifua kikuu mwaka 1933, wala hakupata kukanyaga ardhi ya Afrika. Lakini santuri zake zilifika kwa Wakipsigis. Watu waliisikia sauti ya mtu asiyeonekana, ikipanda na kushuka kwa namna ambayo hawajapata kuisikia, na gitaa likilia pamoja nayo. Wakalipokea jina lake wakalitamka kwa ulimi wao, likawa Chemirocha, jina lisilokuwa mbali na majina yao wenyewe yaanzayo kwa Che-. Kisha wakamtungia wimbo kwa kinanda chao na kwa mtindo wao.

Tuulize sasa: sauti ya mfunga breki wa Mississippi ilifikaje Kapkatet? Ili kulijibu swali hili, hatuna budi kwanza kukitazama chombo chenyewe, halafu tuvuke bahari.

JINSI SAUTI INAVYONASWA

Mwaka 1877 Mmarekani Thomas Edison alitengeneza chombo cha kwanza kilichoweza kushika sauti na kuirudisha. Mtu aliimba mbele ya baragumu, pumzi ya sauti ikatikisa utando mwembamba, na utando ukaitikisa sindano. Sindano ilichora mfereji mdogo juu ya mcheduara uliofunikwa kwa karatasi ya bati. Baadaye ikatumika nta. Sindano ilipopitishwa tena katika mfereji ule ule, utando ulitikisika kama kwanza, na sauti ikatoka.

Chombo cha nta kilikuwa chepesi, kilichukulika begani, nacho kilifika nchini kwetu mapema. Mwaka 1906 Mjerumani Karl Weule alisafiri katika sehemu za Lindi, Masasi na Newala akiwa na chombo hicho, akanasa nyimbo za watu wa kusini. Nta kama hizo zilikusanywa Berlin, katika hazina ya sauti iliyoanzishwa mwaka 1900. Huko ndiko mwanachuoni Erich von Hornbostel alikozichunguza nyimbo za Wanyamwezi, akaandika habari zake mwaka 1909 bila ya yeye mwenyewe kufika Unyamwezi. Lakini nta ilikuwa na kasoro mbili: haikubeba zaidi ya dakika chache, tena ilikuwa vigumu kuitolea nakala nyingi. Kwa hiyo nyimbo zile zilikaa kabatini kwa wataalamu, na watoto wa waimbaji hawakuzisikia.

Santuri ya duara bapa, iliyobuniwa na Emile Berliner mwaka 1887, ndiyo iliyobadili mambo. Sahani moja ikiisha kuchorwa, hutengenezwa kalibu ya chuma, na kwa kalibu hiyo hupigwa sahani maelfu zilizo sawasawa, kama vile mama anavyotoa vitumbua vingi vya umbo moja katika kikaango kimoja. Tangu hapo wimbo ukawa bidhaa. Uliweza kuuzwa dukani pamoja na sabuni na mafuta ya taa, na kuvuka bahari katika sanduku.

Lakini santuri nayo ilitoza ushuru wake. Upande mmoja wa sahani ulibeba wimbo wa muda wa dakika tatu hivi. Ninyi mnajua kwamba ngoma ya kweli haina saa. Yaweza kuanza jua likichwa na kuendelea mpaka majogoo. Mbele ya chombo, mwimbaji aliambiwa aanze hapa na akome pale. Basi wimbo ulikatwa, ukapewa mwanzo na mwisho, na watu walioujua kwa santuri tu wakadhani ndivyo ulivyozaliwa. Mpaka leo nyimbo nyingi za redio, duniani kote, zina urefu wa dakika tatu au nne.

MJI WA BRISTOL, MWAKA 1927

Sasa tuvuke bahari. Katika miaka ya 1920 makampuni ya santuri ya Marekani yaligundua kwamba watu wa mashamba na milimani walitaka kununua nyimbo za kwao, si zile za majumba makubwa ya New York tu. Waimbaji hao walikuwa mbali, tena wengi hawakuwa na nauli. Kwa sababu hiyo makampuni yakaanza kuupeleka mtambo kwa mwimbaji.

Mwezi wa Julai mwaka 1927, Ralph Peer, mtu wa kampuni ya santuri iliyoitwa Victor, alifika Bristol, mji ulioko mpakani mwa majimbo ya Tennessee na Virginia. Akaweka mitambo yake katika ghala la zamani la kofia. Habari ilipotoka gazetini kwamba mwimbaji mmoja wa kule alilipwa fedha nyingi, watu wakashuka kutoka milimani, wengine kwa farasi, wengine kwa miguu. Katika siku zisizotimia kumi na tano Peer alizinasa sauti ambazo Wamarekani wengi huzihesabu kuwa msingi wa muziki wao wa shamba. Walikuja akina Carter, mume, mkewe na shemeji yao, wakiwa na nyimbo za zamani za milimani. Na tarehe 4 Agosti alikuja Jimmie Rodgers. Usiku wa kuamkia siku hiyo alikuwa amekosana na wenzake wa bendi, basi akaimba peke yake na gitaa lake.

Rodgers alikuwa Mzungu, lakini sehemu kubwa ya ufundi wake aliupata kwa watu weusi aliofanya kazi nao relini. Alichukua nyimbo zao za huzuni ziitwazo bluzi, akazichanganya na nyimbo za Wazungu wa mashambani, kisha akaongeza ule mtindo wa kurusha sauti kwa ghafula kutoka nzito hadi nyembamba. Mwaka 1930 aliimba katika santuri moja pamoja na Louis Armstrong, mpiga tarumbeta mkuu wa watu weusi wa Marekani. Ninyi mnaoisikia treni ya TAZARA ikipita Ifakara mtaelewa upesi jinsi reli inavyochukua watu, mizigo na nyimbo pamoja. Wimbo alioupata Rodgers relini kwa watu weusi ulitiwa katika santuri, santuri ikapakiwa melini, ikafika kwa Wakipsigis, nao wakaufanya ngoma yao. Hivyo jambo lililoanzia kwa wajukuu wa Waafrika waliouzwa utumwani lilirudi Afrika likiwa limevaa kofia ya Mzungu.

GEREZANI NA SHAMBANI

Ralph Peer alitafuta nyimbo ili ziuzwe. Walikuwako wengine waliozitafuta ili zihifadhiwe. Mwaka 1933 mzee John Lomax na mwanawe Alan, kijana wa miaka 18, walianza safari kusini mwa Marekani kwa niaba ya Maktaba ya Bunge la nchi hiyo. Katika motokaa yao walitia mtambo wa kuchora sahani wenye uzito wa ratili 315, yaani yapata kilo 143. Waliona kwamba redio na santuri zilikuwa zikizifuta nyimbo za zamani, wakafikiri: ni mahali gani ambapo watu wametengwa na dunia hata nyimbo zao hazijabadilika? Wakajibu kwamba ni magerezani. Kwa hiyo walikwenda kwa wafungwa weusi waliokuwa wakilima na kukata miti chini ya walinzi, wakiimba ili mashoka yapande na kushuka pamoja.

Katika gereza liitwalo Angola, jimbo la Louisiana, walimkuta Huddie Ledbetter, ambaye wengi walimwita Lead Belly. Alikuwa mpiga gitaa la nyuzi kumi na mbili, na nyimbo alizozijua hazikuhesabika. Alipotoka gerezani mwaka 1934 alikwenda New York akaimba mbele ya wasomi na wanafunzi. Sifa alipata, lakini mali hakupata. Alikufa mwezi wa Desemba mwaka 1949. Mwaka uliofuata, 1950, kikundi kiitwacho The Weavers kiliutoa katika santuri wimbo aliouimba sana, juu ya mwanamke aitwaye Irene, nao ukawa wimbo wa kwanza kwa mauzo katika Marekani yote kwa majuma mengi. Katika hati ya hakimiliki, pembeni ya jina la Ledbetter liliandikwa pia jina la Lomax. Jambo hili tulikumbuke, tutalirudia.

Tena mwaka 1941 Alan Lomax, pamoja na John Work, mwalimu mweusi wa Chuo Kikuu cha Fisk, walifika katika shamba la pamba la Stovall huko Mississippi. Walimkuta dereva wa trekta jina lake McKinley Morganfield, aliyejulikana kwa jina la Muddy Waters. Wakamnasa, kisha wakamsikilizisha sauti yake mwenyewe. Kijana yule hakuwa amepata kujisikia kabla ya siku hiyo. Baadaye alieleza kwamba alipoisikia sauti yake alijua ya kuwa naye aweza. Mwaka 1943 aliacha shamba, akapanda treni kwenda Chicago, na huko akaitia bluzi ya shambani katika gitaa la umeme. Mwaka 1950 alitoa wimbo uitwao Rollin' Stone, na vijana wa Kiingereza walioanzisha bendi yao London mwaka 1962 waliuchukua wimbo huo kuwa jina lao: ndio Rolling Stones. Basi alasiri moja shambani ilichangia kuugeuza muziki wa vijana wa dunia.

Lakini tusidhani kwamba mtambo ni kioo kinachoonyesha kila kitu. Aliyeushika ndiye aliyechagua. Akina Lomax walitaka nyimbo za kale, basi waimbaji wakatoa za kale. Muddy Waters alijua pia nyimbo za kuchezea dansi, hata zile za wachunga ng'ombe wa sinema, naye aliwaimbia majirani waliozitaka. Hizo hazikutafutwa sana. Watu wa baadaye waliposikiliza santuri zile walidhani kwamba mtu mweusi wa Mississippi alijua bluzi tu. Ndivyo ilivyo: kilichonaswa hukumbukwa, na kilichoachwa huonekana kana kwamba hakikuwako.

HUGH TRACEY NA MITAMBO YAKE

Turudi sasa kwetu. Hugh Tracey alizaliwa Uingereza mwaka 1903. Mwaka 1920 alikwenda Rhodesia ya Kusini, nchi ambayo leo ni Zimbabwe, kulima tumbaku pamoja na kaka yake. Akajifunza lugha na nyimbo za watu waliofanya kazi naye shambani, akaona kwamba Wazungu wenzake walizidharau. Tangu mwaka 1929 alianza kuzitia katika santuri. Katika safari zake kubwa za baadaye alichukua gari la mitambo na injini ya umeme. Injini iliwekwa mbali, ikaunganishwa kwa waya mrefu, ili ngurumo yake isiingie katika wimbo. Naye Tracey alishika kipaza sauti mkononi, akakisogeza kwa mwimbaji, kisha kwa ngoma, kisha kwa waitikiaji. Hapa Tanganyika, mwaka ule ule wa 1950, alinasa nyimbo na vinanda vya Wagogo, Wahehe, Wahaya na makabila mengine. Mwaka 1954 aliianzisha maktaba ya kimataifa ya muziki wa Kiafrika karibu na Johannesburg, na kutoka humo zikatoka sahani zaidi ya 200. Tracey alikufa mwaka 1977, na maktaba hiyo ikahamia katika Chuo Kikuu cha Rhodes, huko Afrika ya Kusini.

Yeye naye alikuwa na mapendeleo yake. Alipenda muziki wa kale kuliko mchanganyiko wa mijini. Lakini mwaka 1952, huko Jadotville katika Katanga, mji ambao sasa unaitwa Likasi, alikutana na kijana mpiga gitaa aliyemfanya asimame asikilize. Kijana huyo ni Mwenda Jean Bosco, Myeke wa Bunkeya, aliyeimba kwa Kiswahili cha Katanga. Alipiga gitaa kwa vidole viwili: kidole gumba kikishika sauti nzito, na kidole cha shahada kikicheza sauti nyembamba, hata msikilizaji akadhani kwamba wapigaji ni wawili. Wimbo wake uitwao Masanga ulitolewa katika santuri, nao ukaenda kama moto wa nyika.

Wapiga gitaa wa Kongo, Kenya, Uganda na Tanganyika waliisikiliza sahani ile, wakairudisha sindano nyuma, wakasikiliza tena, mpaka vidole vyao vikafuata. Santuri ikawa mwalimu asiyechoka na asiyedai ada. Baadaye Mwenda mwenyewe alikwenda Nairobi, na sauti yake ikasikika redioni hata ikitangaza dawa ya kichwa. Mtaalamu David Rycroft aliziandika noti za gitaa lake, na mwaka 1969 Mwenda alialikwa kupiga katika tamasha la Newport huko Marekani, mbele ya watu waliolelewa katika nyimbo zile zile walizozinasa akina Lomax. Alikufa kwa ajali ya barabarani mwaka 1990.

Wala jambo hili halikuwa mbali nasi. Mjini Morogoro vijana walisikiliza santuri za Kuba na za Kongo, wakaanzisha bendi. Morogoro Jazz ilianza katika miaka ya 1940, na Salum Abdallah akaunda bendi iliyojulikana kwa jina la Cuban Marimba, ingawa hakuna mmoja wao aliyezaliwa Kuba. Baadaye Mbaraka Mwinshehe alipiga gitaa lake katika Morogoro Jazz hata akajulikana katika Afrika ya Mashariki yote. Nao watu wa Kuba walipata wapi muziki wao? Sehemu kubwa waliipata kwa Waafrika waliopelekwa huko utumwani. Mnaona basi jinsi njia inavyozunguka.

JINA NA HAKI

Sasa niseme lile nililoliahidi. Mwaka 1939 Mzulu mmoja, Solomon Linda, pamoja na wenzake, alitia katika santuri mjini Johannesburg wimbo wake juu ya simba, uitwao Mbube. Sahani hiyo ilifika Marekani mikononi mwa Alan Lomax yule yule, naye akampa Pete Seeger wa kikundi cha The Weavers. Wao wakauimba, na mwaka 1961 vijana wengine wakautoa upya kwa maneno ya Kiingereza, ukawa wimbo wa kwanza Marekani, kisha ukatumiwa hata katika sinema. Mamilioni ya fedha yalipatikana. Solomon Linda alikufa mwaka 1962 akiwa maskini. Mabinti zake walipigania haki, na mapatano ya kuwalipa yakapatikana mwaka 2006, miaka 44 baada ya baba yao kuzikwa.

Tukiviweka visa hivi pamoja, tunaona mambo mawili yanayokwenda sambamba. La kwanza ni jema: bila ya wanasaji hawa, sauti nyingi zingalipotea, wala Muddy Waters asingalijisikia, wala Mwenda asingalijulikana nje ya Katanga. La pili ni chungu: aliye na mtambo, kalamu na karani alipata jina na fedha, na aliye na wimbo alipata shukrani. Wazee walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Wimbo ni mali, na daftari lake ni jina la mwimbaji, mahali, tarehe, na mapatano yaliyoandikwa.

WIMBO KURUDI NYUMBANI

Kisa cha Chemirocha kina mwisho wa kupendeza. Yapata miaka sitini na zaidi baada ya safari ya Tracey, maktaba aliyoianzisha ilishirikiana na watu wa Ketebul Music wa Nairobi kuzirudisha nakala za nyimbo zile kwa Wakipsigis. Wakawakuta baadhi ya wazee walioimba mwaka 1950 wakiwa bado hai. Wazee hao walisikia sauti zao za ujana, pamoja na sauti za wenzao waliokwisha kufa. Wajukuu nao walisikia kwa mara ya kwanza jinsi babu zao walivyoimba.

Mtu aweza kuuliza: kurudisha sauti kuna faida gani? Faida ipo. Wimbo uliohifadhiwa mbali ni kama mbegu ya mpunga iliyofungiwa katika chupa: haiozi, lakini pia haioti. Ukirudi kijijini, kijana aweza kuujifunza, kuubishia, kuubadili, na kuutia katika gitaa lake. Mzee naye aweza kusahihisha makosa yaliyoandikwa na mgeni: huyu hakuitwa hivyo, neno hili halina maana hiyo, wimbo huu ni wa matanga wala si wa harusi.

YATUPASAYO SISI

Zamani za Lomax mtambo ulikuwa na uzito wa watu wawili. Leo chombo cha kunasa sauti kimo mfukoni mwa kijana wa Katindiuka, nacho ni chepesi kuliko kipande cha sabuni. Kwa hiyo kazi hii haihitaji tena kumngoja mgeni. Walimu na wanafunzi waweza kuifanya, ikiwa watashika mambo machache.

Kwanza, waombe ruhusa kwa adabu. Ziko nyimbo zisizotakiwa kusikiwa na kila mtu, kama zile za unyago, na mwenye nazo ndiye mwenye kukata shauri. Pili, waandike jina la mwimbaji, la waitikiaji, la kijiji, tarehe, na maana ya wimbo kwa maelezo ya mwimbaji mwenyewe. Tatu, wasimwambie mzee afupishe wimbo kwa kuwa dakika zimekwisha. Chombo cha leo hakina haraka ya santuri. Nne, watoe nakala mbili au zaidi, moja ikae shuleni na moja kwa jamaa wa mwimbaji, maana simu huanguka mtoni na huibwa. Tano, ikiwa mtu wa nje ataka kuutumia wimbo kwa biashara, mapatano yaandikwe kwanza. Sheria ya Hakimiliki ya Tanzania ya mwaka 1999 inalinda kazi za wasanii, na hata sanaa za jadi zimetajwa humo.

La mwisho ndilo kubwa kuliko yote. Chombo hushika sauti, lakini hakiwezi kuujua wimbo. Wasichana wa Kapkatet hawakuihifadhi santuri ya Jimmie Rodgers tu. Waliisikiliza, wakaicheka, wakaistaajabia, kisha wakatunga jambo lao jipya, na hilo ndilo lililobaki. Basi, kijana wa Kilombero akiisha kuusikiliza wimbo wa bibi yake katika simu, aiweke simu chini, akae karibu na bibi, ajifunze kuuimba kwa kinywa chake mwenyewe, madhali bibi yupo.